Aliyetikisa Picha

Asubuhi nikifungua mlango wa ghala, mwanga huingia kabla yangu. Hupita juu ya bega langu, hulala sakafuni, na vumbi huamka kuupokea. Punje kwa punje huinuka, huzunguka, huning'inia hewani. Kisha mlango hujifunga nyuma yangu, na vumbi hurudi kulala juu ya makopo.

Ni mimi tu ninayeliona likicheza. Siku nyingine huliamkia. Usinicheke, mtu asiye na wa kumwamkia huamkia hata vumbi.

Habari za asubuhi, mpenzi. Leo nataka kukusimulia yaliyonipata, na wewe umo.

Ghala liko chini ya ofisi, chini ya viatu vya wenzangu wote. Juu kuna madirisha, chai, simu, na vicheko vya watu wanaorudi nyumbani pamoja. Chini kuna rafu za chuma, kipimajoto ukutani, na makopo ya bati yaliyopangana mpaka darini. Ndani ya makopo kuna mikanda ya filamu, na ndani ya mikanda kuna watu. Wanafungua madaraja. Wanavuna. Wanaapishwa, wanazikana, wanacheka kwa meno yasiyopo tena duniani. Mimi ndiye mlinzi wao. Nikiwapitisha kwenye meza ya kutazamia, hunipungia mkono. Hawanijui, lakini hunipungia.

Filamu ikizeeka hunuka siki, na hilo halina dawa. Huanza kopo moja, harufu ndogo ya kuchokoza pua. Kisha mkanda hunywea, hujikunja, hukakamaa, na kopo la jirani huambukizwa. Ndiyo maana kazi yangu huanza na pua. Napita rafu kwa rafu. Nafungua kifuniko, nanusa, nafunga. Nafungua, nanusa, nafunga. Wenzangu wa juu wameniita Mama Siki. Nikiingia kwenye lifti mtu husema, "Leo kuna saladi?" na wote hucheka, nami hucheka nao, halafu wao hupanda na mimi hushuka.

Kanuni ya kwanza niliyofundishwa nilipoajiriwa ni hii: mkanda ukitazamwa, unaumia. Meno ya mashine huukwaruza. Joto la taa huukausha. Ukiupenda, usiutazame. Nilikuwa msichana, nikaitikia haraka kama wasichana wanavyoitikia mambo wasiyoyajua uzito. Nimezeeka nayo sasa. Nimewalinda watu kwa kutowaangalia, na nimekaa nao gizani kama mtu anayekaa na wagonjwa waliolala.

Wakati mwingine huja mgeni. Mtu amesikia kwamba babu yake yumo kwenye filamu fulani, anapiga ngoma, au amesimama nyuma ya gavana fulani na mwavuli. Watu wa juu hunituma. Natafuta. Nanusa. Napata. Mgeni huketi mezani, taa ikawaka, na babu akageuza shingo. Hapo sijapata kuona mtu asiyelia. Wanaume wenye matumbo yao na tai zao hulia kamasi zikatoka. "Anageuka!" husema. "Tazama, anageuka!" Hawashangai sura, maana sura walikuwa nayo kwenye picha za ukutani. Hushangaa shingo. Kisha hushukuru, hupanda ngazi, na hakuna anayekumbuka kuniuliza jina.

Nimewarudishia watu wengi marehemu wao. Wangu nilikuwa sijampata.

Wewe ulikuja na makopo mikononi. Nilikuwa nyuma ya kaunta ya ghala, na glavu zangu nyeupe na maringo kidogo, nikasikia hatua kwenye ngazi. Nzito, nyepesi. Nzito, nyepesi. Nilijua anayekuja si kama wengine kabla sijaiona sura yake.

Mguu wako wa kushoto ulikuwa mfupi. Ulivunjika utotoni, ukaunga vibaya, na tangu hapo ukawa nyuma ya mwenzake kwa vidole viwili. Ukikanyaga kushoto, ulizama. Ukikanyaga kulia, uliinuka. Kitengo kizima cha filamu kilikuita Mizani, nawe ulilipokea jina kwa kicheko, kwa sababu ulijua usipocheka nao watakucheka wao.

Wahariri hawakukuacha upumue. Ukipiga filamu huku unatembea, picha nayo ilitembea: inazama, inainuka, inazama, inainuka. "Mizani, umetutapisha!" walilia. Mkuu wenu akakupa stendi ya kusimamishia kamera na amri ya kutoiacha. Siku hiyo ulishuka kwangu ukiiburuta ngazi kwa ngazi, ukaiegemeza kwenye kaunta. "Bibie," ulisema, "nimeongezewa miguu mitatu, maana hii yangu miwili haielewani." Nilicheka mpaka nikajifuta machozi kwa glavu za kazi, jambo lililokatazwa kabisa. Nadhani hapo ndipo nilipoanza kukupenda.

Tulioana bila mbwembwe. Tulipigwa picha mbili, na zote umekaa. Ulipenda kukaa kwenye picha. Ulisema mtu aliyekaa hana mguu mfupi. Kisha ukarudi nyuma ya kamera, mahali pako, mahali ambapo mtu huwaona wote na haonwi na yeyote.

Binti yetu alikuwa hajaanza hata kutambaa homa ilipokuchukua. Siku chache tu, kama mzaha. Nyumba ikabaki na ngazi zisizosema kitu, na mimi nikabaki na tabia ya kuzisikiliza.

Hii ndiyo ajabu ya kazi yangu, mpenzi. Ninayo mikanda yako rafu nzima, na yote naijua kwa harufu. Naona ulichokiona. Naona wakubwa uliowapenda na usiowapenda, maana usiowapenda uliwapiga kutoka chini, puani. Naona mvua uliyoinyeshewa. Naona msichana kwenye kituo cha treni uliyemkawilia kidogo kuliko kazi ilivyohitaji. Huyo tutazungumza siku nyingine. Lakini wewe humo. Mara moja tu kuna kivuli chako kwenye uwanja, kifupi, cha jua la utosini, hakina hata shingo. Mara moja kidole chako kinafuta kioo cha kamera, kikubwa kama mlango. Basi. Hata mwizi wa kuku aliyepelekwa kituoni mwaka ule ana filamu yake, anatembea vizuri tu katikati ya askari. Wewe huna.

Binti yetu ni mpima ardhi. Anaishi mbali, anazunguka na vyombo vyake kwenye mashamba ya watu wanaogombania mipaka, na maneno matupu hayaamini. Alinipigia simu mwezi uliopita.

"Mama, baba alikuwa anatembeaje?"

"Vizuri tu, mwanangu. Kwa upole."

"Mama. Upole si mwendo."

Nikajaribu. Nikamwambia mguu wa kushoto. Nikamwambia alizama, akainuka. Nikamwambia alikuwa kama mtu anayekubali jambo kwa mwili mzima, ndiyo, ndiyo, ndiyo. Nikajua hajaona kitu.

"Nina picha mbili za baba, na zote amekaa," alisema. "Akikaa namwona. Akisimama tu, ananipotea."

Alisema bila kulalamika, kwa sauti ile ile anayotumia kuwaambia watu kwamba mpaka wao hauko pale walipodhani. Ilinichoma kuliko kilio. Nikamwambia njoo, nitakuonyesha baba yako akitembea. Nilimwahidi hivyo, kwa kinywa changu, kwa sababu nilijua kopo.

Ni lile la mwaka wa mafuriko. Maji yalipopungua ulibeba kamera begani ukatoka peke yako. Stendi uliiacha, ulijitetea baadaye kwamba matope yangeimeza. Ulianzia darajani, ukatembea mtaa mzima mpaka madukani, bila kuikata picha, mpaka mkanda ukaisha wenyewe ndani ya kamera. Hauna sauti. Una watu tu, na matope, na jua.

Watu wametandaza maisha yao barabarani yakauke. Magodoro. Mapazia. Daftari za shule, kila moja na jiwe lake juu. Mwanamume ameshika viatu viwili, anavigeuza, vyote ni vya kushoto, anacheka peke yake. Kinyozi ameshasimika kiti chake katikati ya tope, na mteja ameshakaa, kwa sababu dunia ikizama nywele haziachi kuota. Na kila mmoja, unapomkaribia, huinua macho na kukutazama. Midomo inasema habari. Midomo inasema pole. Nikiutazama mkanda ule nakuwa nimekaa pale pale ulipokuwa wewe, na wao wananiamkia mimi.

Na picha inazama, inainuka. Mtaa mzima. Huonekani, lakini hakuna godoro, hakuna ukuta, hakuna uso wa mtu usiotikiswa na mguu wako. Ulimwengu wote ule unachechemea. Ni mwendo wako wenyewe, hatua kwa hatua, na haupo mahali pengine popote.

Niliutazama mara chache sana katika miaka yote hii. Kila mara nilijua kwamba namkwaruza ninayemtafuta, nikauzima kabla ya mwisho.

Siku chache baada ya ile simu nilifungua kifuniko, na pua yangu ikanipa habari. Siki.

Tulikuwa na bahati kidogo. Ofisi ilikuwa imepata mashine ya kunakili, ile inayochukua kila picha ya mkanda na kuitia kwenye kompyuta. Lakini mkanda ulishakauka, ulishanywea. Ungepita mara moja na kwisha. "Mama Siki, huu ukienda haurudi," fundi wa mashine aliniambia. Nilimwambia aupitishe.

Fundi huyo tunamwita Pasi. Ni mwanamume wa makamo, mpole, mwenye shati lisilojua mkunjo. Kazi yake ni kunyoosha. Mikwaruzo anaiondoa, madoa anayafuta, giza analing'arisha. Watu humpelekea filamu zilizochoka, naye huzirudisha kama zimefuliwa, na wote humsifu, na kwa haki.

Mkanda ulipita. Ulitoka upande wa pili ukivunjika vipande vipande kama biskuti. Niliviokota kwa mikono miwili, nikavirudisha kwenye kopo lake, nikalifunga. Sikulia. Niliona umevuka salama, na kilichobaki ni ganda.

Juma lililofuata tuliitwa ukumbini kutazama kazi. Mkurugenzi mbele, sisi nyuma. Nilikaa kiti cha mwisho, peke yangu, kwa sababu ya harufu. Taa zilipozimwa nikavua viatu chini ya kiti. Sijui kwa nini. Labda ni heshima, labda ni miguu yangu ya uzeeni. Nikasubiri uje.

Mtaa ukatokea. Mpenzi, ulikuwa safi! Magodoro yalionekana mpaka mishono. Jua lilikuwa la jana tu. Mwenye viatu alicheka mpaka nikaona pengo lake. Na picha ikaanza kwenda mbele laini, laini, ikiteleza. Nikasubiri uzame. Hukuzama. Nikasubiri uinuke. Hukuinuka. Kutoka darajani mpaka madukani, kilichokuwa kikienda hakikuwa na miguu. Watu wale wale waliinua macho wakamwamkia mtu ambaye hayupo.

"Imetulia kama maji mtungini," mkurugenzi alisema, na ukumbi ukapiga makofi. Kipya kinyemi. Nami nilipiga makofi, maana mikono haina akili, huku moyo ukiniambia kwamba nimefiwa tena. Mara ya kwanza nilikuzika nikiwa na watu, na wali wa matanga, na wifi yangu akinishika kiuno. Mara hii ukumbi ulijaa na nilikuwa peke yangu.

Nilimfuata Pasi chumbani kwake.

"Karibu, Mama Siki. Umeionaje?"

"Ile nyingine iko wapi?"

"Ipi?"

"Inayotikisika."

"Ah, ile mbichi!" Alitabasamu. "Nimeifuta asubuhi. Si unajua nafasi yetu ilivyo finyu? Mkurugenzi akishaikubali iliyo safi, mbichi inaondoka. Lakini usijali, hakuna kilichopotea. Ni mtikisiko tu. Nafikiri aliyepiga alikuwa na shida kidogo."

Nilikaa bila kukaribishwa.

"Aliyepiga ni mume wangu," nilisema. "Mguu wake mmoja ulikuwa mfupi. Huo mtikisiko ndio yeye, sina mwingine. Na Jumamosi mwanangu anakuja kumwona baba yake akitembea."

Pasi alivua miwani. Aliivaa. Aliivua tena.

"Mama, mbona hukuniambia?"

"Nikuambieje? Fundi, ukiona picha inatikisika usiiguse, kuna marehemu anapita?"

Siku nyingine tungecheka. Alisema samahani, na samahani yake ilikuwa ya kweli, ilimtoka na jasho. Lakini maji yakimwagika hayazoleki. Tulikaa wote wawili tukiitazama kompyuta, na yenyewe ilikuwa inavuma tu, haina habari.

Jioni ile nilipika chakula cha mtu mmoja, ujuzi niliofuzu zamani. Nikakukasirikia. Wewe, si Pasi. Ungepungukiwa nini kumpa mtu kamera siku moja, akushikie, ukapita mbele yake ukaenda zako? Kila mtu ulimpa nafasi. Mbuzi uliwapa nafasi. Sisi ulituachia picha mbili na kiti. Nilikufokea kwa sauti, jikoni, mwiko mkononi, na niliponyamaza nyumba nayo ilinyamaza, na hapo ndipo nililia.

Nilikuwa nimekulinda dhidi ya siki, joto, panya, bomba lililopasuka darini na wakubwa waliotaka ghala liwe maegesho. Kote huko nilikuvusha. Na bado usafi ukaja na tabasamu lake, na shati lake lililopigwa pasi, ukakuchukua.

Binti yetu sikumpigia simu. Kila nikiishika, nilisikia ile sauti yake ya mipaka. Ananipotea.

Kesho yake nilikuwa rafu ya tatu, nafungua, nanusa, nafunga, niliposikia hatua kwenye ngazi. Zililingana. Nilijua si zako, hata hivyo niliganda. Hakuna mtu wa juu anayeshuka kwangu.

Alikuwa Pasi. Kompyuta kwapani, leso puani, na shati lake, kwa mara ya kwanza, lilikuwa na mikunjo.

"Mama Siki," alisema kupitia leso, "kuvunjika kwa koleo si mwisho wa uhunzi."

"Sema, baba, huku chini hakuna hewa ya methali."

Akaiweka kompyuta juu ya meza yangu ya kutazamia. Alieleza polepole, na akaeleza vizuri. Ili kompyuta iitulize picha, lazima kwanza ipime kila mtikisiko. Picha ikizama kidogo, yenyewe huipandisha kidogo. Ikilala kushoto, huivuta kulia. Kwa hiyo ilikuwa imekupima. Hatua zako zote, kutoka darajani mpaka madukani, ilizipima moja moja ili ipate kuziondoa. Picha mbichi ilikuwa imefutwa, lakini vile vipimo vilibaki pembeni, hakuna aliyevikumbuka.

"Sasa nimeiagiza ifanye kinyume," alisema. "Ilipopandisha, ishushe. Ilipovuta kulia, irudishe kushoto. Kingo za picha nilizikata, Mama, hizo zimekwenda, nisikudanganye. Lakini mwendo utarudi."

"Umeshajaribu?"

"Nimejaribu bila picha kwanza, nione kama vipimo vinasomeka. Kuna kipande cheupe tu. Usitegemee makubwa."

Akabonyeza. Kioo kikawa giza, na katikati ya giza pakawa na kipande cheupe, kitupu, bila mtu, bila mtaa. Kikatulia kidogo. Kisha kikazama upande wa kushoto.

Kikainuka.

Kikazama tena, kikainuka tena, na mimi nikashika rafu. Kilikuja bila haraka. Mahali fulani kilisita, kikaegemea, kikaruka kidogo, kikaendelea. Lilikuwa dimbwi, nilikumbuka, lile la mbele ya kinyozi. Baadaye kilipunguza mwendo, na nilijua ni mkono wa kulia umechoka, na kwamba unahamisha uzito wa kamera, na kwamba unauma mdomo kama ulivyouma mdomo ukibeba ndoo. Hapakuwa na kitu pale, mpenzi, ila weupe. Na sijapata kuona mtu waziwazi kiasi kile.

"Ndiye?" Pasi aliuliza.

"Ndiye."

Pasi aliitoa leso puani, akaikunja, akaitia mfukoni. Akainamisha kichwa kidogo mbele ya kile kipande cheupe.

"Shikamoo, mzee," alisema.

Binti yetu alifika nyumbani Jumamosi mchana, viatu vimejaa udongo wa mashamba ya watu. Ana mdomo wako na ubishi wangu, Mungu amsaidie. Alikula, akasifu, akaulizia presha yangu, na muda wote macho yake yalikuwa ukutani, mahali nilipoondoa kalenda. Nilivuta mapazia. Niliwasha projekta ndogo aliyoniazima Pasi, nikaielekeza pale.

Kwanza nilimwonyesha mtaa. Ulikuwa unachechemea tena, ndani ya fremu nyeusi, mdogo kuliko zamani. Pembeni vitu vimekatika. Mwenye viatu viwili vya kushoto sasa ana kimoja. Binti yetu aliegemea mbele, viwiko magotini.

"Yeye yuko wapi?"

"Ndiye anayetikisa."

Alitazama mpaka mwisho. Akaomba turudie. Akatikisa kichwa.

"Naona watu, Mama. Kila nikimtafuta yeye, namwona kinyozi."

Niliogopa. Nilifikiri: ndio basi, nimemwita kutoka mbali kuja kutazama magodoro. Nikatafuta ile nyingine, ile isiyo na watu. Nikaibonyeza.

Ukuta ukawa giza, kisha katikati yake pakatokea mwanga mtupu. Vumbi la sebule likainuka ndani ya mwale, likatulia, likangoja. Mwanga ukazama. Ukainuka. Ukazama.

Mwanzoni alidhani projekta imeharibika, alinigeukia aseme. Hakusema. Aligeuka tena, na nikamsikia akipumua kwa kinywa, kama alivyokuwa akipumua utotoni akijifunza kuandika.

"Kushoto," alisema.

"Kushoto."

"Anachelewa kidogo akiwa chini. Halafu anainuka haraka."

"Hakupenda kubaki chini."

"Na bega linaenda nyuma. Lazima liende nyuma, Mama, la sivyo ataanguka."

"Linaenda nyuma," nilisema, na lilikuwa kweli, na nilikuwa nimelisahau bega lako kwa nusu ya maisha yangu.

Alivua viatu. Akaenda pembeni, karibu na dirisha, akasimama akiutazama mwanga kama anavyosimama mtu pembeni ya kamba akisubiri zamu yake ya kuruka. Akaanza kutembea. Alichechemea kama mtu mwenye maumivu, uso umekunjamana.

"Hapana," nilimwambia. "Alikuwa haumwi. Ndivyo alivyotembea tu."

Akarudi dirishani. Akatikisa mikono ilegee. Safari hii hakuigiza. Aliliachia bega. Alizama na mwanga, akainuka na mwanga, akapita kati ya projekta na ukuta, na kivuli chake kikapanda ukutani, kirefu, cheusi, hakina sura wala umri. Kikatembea.

Nilikuona. Mpenzi, nilikuona. Ulitoka upande wa dirisha ukaelekea upande wa mlango, na vumbi liking'aa kukuzunguka, na kwa mara ya kwanza hukuwa nyuma ya kamera. Ulikuwa mbele ya mwanga, umesimama kwa miguu yako miwili isiyoelewana, unakuja.

"Hivi, Mama?" binti yetu aliuliza bila kusimama.

Nilisogea kidogo kwenye kochi, nikakuachia nafasi.